Mdomo wa Kwanza

Habari hii alinipa Joséline mwenyewe, mwaka 1998, pale stesheni ya Mpanda, siku mbili tulizokaa tukingoja treni iliyochelewa. Yeye alikuwa amekalia gunia la maharage, mimi nimekalia begi langu la nguo. Lakini kukaa kwenyewe hakukuwa kukaa. Anasimama, anatazama reli, anakaa, anasimama tena. Nikamwambia, mwanangu, utachoka kabla hujasafiri. Akacheka, akasema, bibi, mimi nikiwa na jambo miguu haitulii, na siku moja miguu hii nusura inikoseshe mume. Akaanza kunieleza. Ninaandika kama alivyosema. Pale niliposahau neno nimeweka la kwangu, ila jambo lenyewe sikuligusa.

Katumba, kwa asiyeijua, ni makazi ya wakimbizi, Warundi waliokimbia vita ya 1972. Walipewa msitu, wakaufyeka, wakalima mahindi na tumbaku, watoto wakazaliwa humo. Na walijipanga kwa kule walikotoka. Wa kando ya ziwa, watu wa Rumonge, walikaa upande wao, wa milimani wakakaa upande wao. Ukitembea asubuhi moja unasikia harufu ya majiko inabadilika njiani, huku mawese, huku maharage, huku kisamvu.

Katekista wa pale aliitwa Gervais. Wageni walikuwa wanakuja parokiani, masista wa Karema, walimu wa Mpanda, siku nyingine Wazungu. Zamani walikuwa wanapikiwa wali hapo hapo parokiani, mgeni anakula wali wa mchele ulionunuliwa Mpimbwe, anarudi kwao anasema nimekula chakula cha Warundi. Gervais akaona huo ni upuuzi. Akaanzisha matembezi ya kuonja. Nyumba tatu, kwa miguu, kuanzia saa tatu asubuhi. Mgeni anabeba vipande vya sabuni, kipande kimoja kwa kila nyumba, basi. Na kiongozi wa kuwapitisha wageni alikuwa Joséline, kwa sababu alisoma mpaka darasa la saba na Kiswahili chake kilikuwa kinatoka vizuri.

Kulikuwa na sharti moja. Wakati ule kulikuwa na maneno mjini kwamba ukila kwa Mrundi unaweza kulishwa sumu. Maneno ya uongo, lakini yalikuwa yanatembea. Basi Gervais akasema, kila nyumba, kila sahani, kiongozi anaonja kwanza mbele ya wageni, anatafuna, anameza, ndipo wengine wanawe mikono. Akamwambia Joséline, "Wewe ndiye mdomo wa kwanza." Na yeye akaonja kwanza mara kumi na moja bila shida yoyote, tena akanenepa kidogo.

Mara ya kumi na mbili ndiyo hii. Mwaka 1995, mwezi wa saba.

Alhamisi alipata barua kutoka Usevya. Ilitoka kwa Maiko, mtu wa huko Mpimbwe aliyekuwa anakuja Katumba na mpunga wake kubadilishana na maharage, na katika kubadilishana huko wakapendana. Barua ilikuwa fupi. "Mama anakuja Jumamosi pamoja na mjomba Telesphor. Wamejiandikisha kwa katekista kama wageni wa parokia. Wanataka kuona kwenu mnaishi vipi na mnakula nini. Wewe usiseme unajua, na wao hawatasema. Mama akirudi ameridhika, mwezi wa nane naleta posa kwa shangazi yako. Akirudi hajaridhika, mimi sina mzee mwingine wa kumtuma."

Joséline alikuwa na miaka ishirini na saba. Kwao walishaanza kumhesabu pamoja na wajane. Akaisoma barua mara tatu, akaikunja, akaanza kufagia uwanja uliokwisha kufagiliwa.

Shangazi yake aliitwa Apollinarie, dada wa baba yake, ndiye aliyemvusha mpaka akiwa amembeba mgongoni na kumlea. Yeye alimwita masenge, kama Warundi wanavyomwita shangazi. Masenge alikuwa mtu wa mila za kule kwao Burundi, kila kitu kwa utaratibu wake. Akasomewa barua, akawaza, akasema, "Vizuri. Waje. Lakini Jumamosi wewe husogelei chakula."

"Masenge, mimi ndiye ninayeonja."

"Mkwe anakuona ukichota maji. Anakuona ukilima. Meno yako yakitafuna hayaoni, mpaka siku umempa mjukuu. Mimi kwa mkwe wangu nilikaa mwaka mzima ninakula nyuma ya pazia, na sikufa."

"Gervais atasema nini?"

"Mwambie atafute mdomo mwingine."

"Na akikosa?"

"Akikosa, hiyo posa ipelekwe kwa mtu mwingine, sio kwangu. Mimi siwezi kupokea mbuzi wa watu waliomwona mwanangu akitafuna kama mbuzi."

Joséline akakimbia mpaka kwa Gervais. Alimkuta amepindua baiskeli, anatia kiraka. Akamwomba atafute mtu mwingine Jumamosi. Gervais hakuinua hata macho. "Nimweke nani? Mke wa Méthode Kiswahili chake kinaishia kwenye karibu. Unaumwa?"

"Siumwi."

"Una msiba?"

"Sina."

"Basi funga kitambaa vizuri, uje saa tatu." Na Joséline hakuweza kusema sababu, maana barua ilisema usiseme unajua.

Ijumaa hakula. Si kwa kufunga, chakula kilikuwa hakishuki. Usiku aligeuka kitandani mpaka masenge akamuuliza kama kuna siafu.

Jumamosi wageni wakateremka kwenye lori la tumbaku. Mama yake Maiko aliitwa Romana, mama mfupi, amejifunga khanga mbili, ana kikapu chenye sabuni, na macho yake hayana haraka. Telesphor, kaka yake, alikuwa mrefu, kofia kichwani, mdomo haufungi. Gervais akawakabidhi kwa Joséline, akaondoka kwenda kufundisha watoto wa komunyo.

"Karibuni Katumba," Joséline akasema. "Mimi naitwa Joséline."

"Joséline," Telesphor akarudia, akamtazama dada yake. "Jina zuri. Au sio, dada?"

Romana akasema, "Tembea, tunakufuata."

Basi akatembea. Hakutembea, alikimbia kwa adabu. Alikuwa anawaonyesha huku bani la kukaushia tumbaku, huku shule, huku mti walipokutania watu mwaka wa kwanza wa kufika, anasema na kusonga, anasema na kusonga. Telesphor akaita kutoka nyuma, "Binti! Nani anatufukuza?"

"Samahani, baba. Nataka jua lisitukute."

"Jua limeshatukuta tangu Usevya. Sisi ni watu wa mpunga, tumezoea kusimama kwenye maji, sio kukimbizana kwenye vumbi."

Nyumba ya kwanza ilikuwa ya Vestina, mama wa upande wa ziwani, mnene, sauti kama filimbi. Alikuwa ameandaa lengalenga, mchicha wao, kwa mawese, dagaa wa Karema waliokaangwa, na ugali wa muhogo umetulia kama jiwe la mtoni. Joséline akamvuta pembeni, akamwambia kwa Kirundi, "Leo onja wewe."

"Mimi? Kwa nini? Unafunga?"

"Ndiyo, nafunga."

"Jumamosi? Unafunga kwa dhambi gani wewe?" Vestina akauliza kwa nguvu, na ingawa wageni hawakujua Kirundi, sauti yenyewe ilikuwa inaeleza kuna jambo. Lakini akaonja, tena kwa kushiba, akalamba vidole. Telesphor akakaa akala, akasifu dagaa, akaomba pilipili, akasifu tena. Romana naye akala taratibu. Kila akimeza tonge anamtazama Joséline, aliyekuwa amesimama mlangoni, mara mguu huu, mara mguu ule.

"Na wewe kaa, mwanangu," Romana akasema.

"Mimi nimezoea kusimama, mama."

"Kula basi ukiwa umesimama."

"Nitakula mbele."

Wakaacha kipande cha sabuni, wakatoka.

Nyumba ya pili ilikuwa kwa mzee Méthode, upande wa milimani. Mkewe alikuwa amepika maharage na ndizi pamoja, yamechemka tangu alfajiri mpaka mchuzi umekuwa mzito. Méthode alikuwa mtu wa kushika sharti. Joséline alipomnong'oneza aonje yeye, mzee akatikisa kichwa. "Katekista alisema wewe. Mimi nikionja, wageni watasema ninaonja sahani yangu mwenyewe, nilishajua pa kuchota." Akachota kwa kijiko cha mti, akamwekea mkononi mbele ya watu wote.

Sasa afanye nini? Aligeuka akatazama mlango, kama mtu anayeangalia nani anapita, akapeleka mkono mdomoni, akashusha, na ile konzi ya maharage akaisokomeza kwenye pindo la kitenge. Akageuka akajipangusa midomo. "Tamu," akasema.

"Umemeza?" Méthode akauliza.

"Nimemeza."

Wageni wakanawa. Telesphor akaanza. Romana akachota, akala tonge la kwanza, la pili. Ndipo kuku wa Méthode wakaingia. Kuku wawili, mmoja hana mkia, wakaja moja kwa moja kwa Joséline, wakaanza kudonoa kitenge chake. Akawafukuza kwa mguu. Wakarudi. Akasogea upande wa pili wa ukuta. Wakamfuata.

"Kuku hawa wanakupenda, binti," Telesphor akasema, mdomo umejaa. "Wa kwangu nyumbani mpaka niwarushie mpunga."

Romana hakucheka. Aliyaangalia yale maharage yaliyokuwa yanachuruzika kwenye kitenge, akaweka mkono wake chini. Akanawa. Akamshukuru Méthode na mkewe kwa heshima zote, akaacha sabuni, akatoka nje akisubiri.

Wakashika njia. Joséline alitangulia, akaongeza mwendo, akapunguza, akaongeza. Walipofika kwenye kivuli cha bani Romana akasimama katikati ya njia.

"Mwanangu, njoo hapa."

Akarudi.

"Tumeambiwa parokiani kwamba wewe unaonja kwanza. Nyumba ya kwanza ameonja mwingine. Nyumba ya pili wameonja kuku. Mimi na kaka yangu tumekula kote, wewe tangu asubuhi hata mate hujameza. Kuna nini?"

"Jino, mama. Jino linaniuma."

"Lipi?"

Joséline akashika shavu la kulia. Kisha, alivyoniambia, akasahau, akashika la kushoto.

Telesphor akakohoa, akatazama juu kwenye paa la bani. Romana akasema, sauti yake ya chini kabisa, "Huko kwetu mtu akikupeleka kwenye chakula ambacho yeye hali, tunaaga. Hatugombani. Tunaaga. Lori linarudi saa ngapi?"

"Kesho asubuhi, mama."

"Basi turudishe parokiani tukakae."

Joséline aliniambia, bibi, hapo ndipo nilimwona Maiko anapita na magunia yake mbele ya macho yangu na hageuki. Angeweza kusema ukweli kwa sentensi moja. Lakini binti hasemi mwenyewe kwamba mimi ndiye mkweo, posa haijaja, na Romana naye alikuwa anajifanya mgeni wa parokia. Wote wawili wanajua na wote wawili wamefunga midomo.

"Imebaki nyumba moja tu," akasema.

"Ya nani?"

"Ya shangazi yangu."

Romana akamtazama Telesphor. Telesphor akainua mabega. Hawakutoka Usevya juu ya lori la tumbaku ili wasiione nyumba ile, na hilo Joséline alilijua.

"Twende," Romana akasema. "Lakini huko siweki kitu mdomoni mpaka nione wewe unameza. Koo lako nilione likishuka."

Masenge Apollinarie alikuwa amesiriba nyumba kwa udongo mweupe. Aliwapokea mlangoni, akawashika mikono yote miwili, akawauliza habari za safari, za nyumbani, za mpunga, za mvua ya mwaka jana. Akawaketisha kwenye vigoda. Katikati akaweka kibuyu cha pombe ya ndizi na mirija mitatu. Chakula hakikuonekana. Kisamvu chake kwa karanga, ambacho watu walikuwa wanakisifia vijiji vyote, kilikuwa nyuma ya pazia, na nyuma ya pazia alikuwa ametandika mikeka miwili, mmoja kwa Romana peke yake, mmoja kwa Telesphor peke yake, ili kila mtu ale bila kuonwa na mtu. Kwake hiyo ndiyo heshima kubwa kupita zote.

Joséline alipoona kibuyu akapumua. Kunywa mbele ya mkwe hakuna ubaya, kwao watu wanakunywa kibuyu kimoja hata na mfalme. Akainama, akavuta mrija, akameza, koo likashuka. Romana akaona. Akavuta naye. Telesphor akavuta mpaka kibuyu kikalalamika.

"Sasa karibuni chakula," masenge akasema, akafunua pazia.

Romana akachungulia. Akaona mikeka miwili, kila mmoja na ukuta wake. "Tunakula huku?"

"Huku."

"Tumejificha? Kwani tumeiba nini, mama?"

"Mgeni wa heshima hatazamwi akila."

"Kwetu mgeni wa heshima anakula na wenye nyumba, sahani moja." Akaingia nyuma ya pazia, akatoka na sinia la kisamvu na ugali, akaliweka chini katikati, karibu na kibuyu. Masenge akashika kichwa. Hakuna mtu aliyewahi kumtolea chakula nje ya pazia lake.

"Haya," Romana akasema. "Nani anaonja?"

Masenge akatazama pembeni. Yeye naye asingeweza, mama mzaa bwana hamwoni mlezi wa binti akitafuna. Joséline akamtazama masenge. Masenge akatikisa kichwa kidogo sana, hapana.

Kisamvu kinatoa mvuke. Joséline alisimama, akaenda mlangoni, akarudi, akaenda dirishani, akarudi. Mvuke ukapungua. Telesphor akameza mate, kila mtu akasikia.

Romana akainuka. Akakaza khanga yake kiunoni. "Asante kwa kinywaji, mama," akamwambia masenge. "Tumeona nyumba. Kaka, chukua kofia."

Joséline akapiga magoti pale pale kwenye sinia. Akamega ugali, akauchovya kwenye kisamvu, akaweka mdomoni, uso umeelekea kwa Romana, akatafuna. Masenge akatoa sauti kama aliyekanyagwa, akavuta kitenge chake, akajifunika uso, akageukia ukuta.

Alitaka kula tonge moja tu. Hivyo ndivyo alivyoniapia. Moja, koo lishuke, aache. Lakini alikuwa hajala tangu Alhamisi jioni. Lile tonge lilipofika tumboni, tumbo likaamka likadai haki yake. Akamega la pili. La tatu. Karanga zile, mawese yale, kisamvu kilichotwangwa kikalainika kama uji. La nne akalimega kubwa. Machozi yanatoka na mkono hauachi kwenda.

"Jamani," Telesphor akasema, "jino limepona! Dada, tukae, atatumalizia."

Romana alikuwa bado amesimama, anaangalia koo lile linavyopanda na kushuka. Akakaa. Akanawa mikono. Akamega upande wake wa sinia, akala. Telesphor hakungoja kualikwa. Wakala watu watatu sahani moja, na wa nne ameegemea ukuta amejifunika.

Walipofika katikati Romana akauliza, "Sasa niambie. Unakula vizuri hivi, tena chakula kitamu hivi. Asubuhi yote ulikuwa unaniringia nini?"

Kabla Joséline hajajibu, masenge akasema kutoka ndani ya kitenge, kwa hasira, "Kwa sababu wewe ni mkwe wake! Anawezaje kutafuna mbele ya mkwe wake? Nimemlea miaka ishirini na tatu asinitie aibu hata siku moja, na leo amenitia!"

Mikono yote ikasimama kwenye sinia.

"Haya," Telesphor akasema. "Imeshatoka. Mimi nilikuwa nimechoka kujifanya simjui mtu mwenyewe."

Romana akaweka tonge lake chini. Kisha akamwambia Joséline, "Kwenu ndivyo ilivyo?"

"Ndivyo ilivyo, mama. Meno ya binti hayaonwi na mkwe mpaka amezaa. Masenge alisema nikila mbele yenu hapokei posa."

"Na ulijua hivyo ulipomega?"

"Nilijua."

"Na ungeacha kumega, mimi ningeondoka."

"Ungeondoka."

Romana akafuta mkono, akajisogeza kwa kukaa, hakuinuka, akaburuta kigoda mpaka karibu na ukuta, akawa nyuma ya mgongo wa masenge. Akaongea na ule mgongo.

"Mama Apollinarie. Mimi ni mtu wa Mpimbwe, mila zenu sizijui. Niambie. Kosa hili linasafishwaje?"

"Halisafishwi. Halijawahi kutokea nyumbani kwangu."

"Sawa. Na mkwe je? Yeye anaruhusiwa kuonwa na binti?"

Mgongo ukajikunja.

"Nakuuliza. Binti anaruhusiwa kumwona mama mkwe wake akitafuna?"

"Haruhusiwi," masenge akasema polepole. "Ni aibu hiyo hiyo. Hata kubwa zaidi."

"Basi mimi meno yangu ameyaona tangu saa tatu asubuhi. Kwa Vestina nimekula dagaa mbele yake mpaka mifupa. Kwa yule mzee nimekula. Hapa ninakula. Yeye amekuwa akinitazama, mimi natafuna, hakuna aliyeniambia funga mdomo. Aliyeanza kuvunja ni mimi. Yeye ameniaibikia mara moja, mimi nimemwaibikia nyumba mbili kabla."

Telesphor akasema, "Na mimi je? Mimi nimekula hadi chakula cha kuku."

"Wewe huna aibu, nyamaza."

Mabega ya masenge yakaanza kutikisika. Joséline akafikiri analia. Akamkimbilia. Masenge akashusha kitenge, na alikuwa anacheka, machozi yanatiririka kwenye mikunjo, anacheka na hasira haijaisha. "Watu gani hawa," akasema kwa Kirundi, kisha kwa Kiswahili, "Watu gani nyie! Mmekula mchana kweupe kama mbuzi wa uwanjani, wote!"

"Wote," Romana akakubali.

Masenge akajipangusa. Akakaa akawaza tena. Akasema, "Mwezi wa nane mwanzoni tunauza tumbaku, hapatakuwa na mtu nyumbani. Waje mwishoni."

Joséline alisimama katikati ya nyumba, hajui aende wapi na miguu yake, akachukua ufagio, akauweka, akachukua ndoo, akaenda kisimani wakati mtungi ulikuwa umejaa.

Wageni walilala hapo kwa masenge, kwa sababu lori lilikuwa la asubuhi. Jua lilipozama walikuwa wamechoka wote, vumbi na pombe ya ndizi vimewaelemea. Telesphor alitangulia kusinzia barazani, kofia usoni, akakoroma kabla giza halijakaza. Romana alipewa kitanda cha masenge. Akavua viatu, akasema miguu imevimba kwa kukimbizwa, akalala ameangalia mlango. Masenge akaingia nyuma ya pazia na sahani yake. Joséline akasikia anatafuna peke yake gizani, taratibu, mpaka kisamvu kikaisha, kisha akasikia anajilaza na kuvuta pumzi ndefu.

Yeye mwenyewe hakuweza. Alitoka akaangalia njia. Akarudi. Akazunguka uwanja kama bado anaongoza wageni. Akaanza kuhesabu Jumamosi zilizobaki mpaka mwisho wa mwezi wa nane, akapoteza hesabu, akaanza tena. Akanyoosha mguu mmoja kwenye mkeka, akasubiri aone kama utakubali. Ukakubali. Akanyoosha wa pili, akageuka mara moja upande wa ukuta, akalala.